Filamu za Chambo za Ulaya, 1957 hadi 1985: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Filamu za chambo ni filamu gani?

Ni filamu zilizotengenezwa kwa fedha kidogo na kwa haraka. Kwa kuwa mtayarishaji hakuwa na uwezo wa kumlipa nyota mkubwa wala kujenga mandhari ya kifahari, aliuza kitu kimoja tu ambacho mpita njia angekitambua akilitupia bango jicho: damu, mwili ulio nusu utupu, mzuka, bastola, au ahadi ya kuonyeshwa jambo lililokatazwa. Neno la Kiingereza linalotumika kuzitaja filamu hizo, *exploitation*, hutafsiriwa wakati mwingine kuwa "unyonyaji", lakini kwa msomaji wa Kiswahili neno hilo lilishachukuliwa zamani na siasa ya kupe na mirija, na likitumika hapa litamfanya adhani tunazungumzia mishahara ya vibarua. Chambo linaeleza kazi yenyewe vizuri zaidi: kuna kitu kinachoning'inia kwenye ndoana, na mvuvi anajua anamtaka samaki gani.

Majibu yaliyopo hapa yanaihusu zaidi Italia, kwa sababu huko ndiko biashara hii ilikokuwa kubwa kuliko kwingine barani Ulaya. Hispania inafuata, na nchi nyingine zinaguswa pale zinapohusika.

Kwa nini Italia?

Mwaka 1955 Waitaliano walinunua tiketi za sinema milioni 819, idadi ambayo nchi hiyo haijaifikia tena. Televisheni ya taifa, RAI, ilikuwa imeanza kurusha matangazo Januari 1954 tu, na familia nyingi hazikuwa na seti nyumbani, kwa hiyo jumba la sinema ndilo lililokuwa kijiwe cha jioni. Majumba hayo yalikuwa na madaraja. Daraja la kwanza lilikuwa katika miji mikubwa, na tiketi zake zilikuwa ghali. Daraja la pili na la tatu yalikuwa vitongojini na katika miji midogo ya kusini, ambako filamu ilifika baada ya miezi kadhaa, tiketi ilikuwa ya bei rahisi, na programu ilibadilishwa mara kwa mara kwa sababu wateja walikuwa walewale.

Katika kumbi hizo za daraja la tatu watu waliingia filamu ikiwa katikati, wakazungumza, wakavuta sigara, wakatoka na kurudi. Filamu iliyokusudiwa ukumbi wa namna hiyo haiwezi kumtegemea mtazamaji anayefuatilia kila neno. Inahitaji tukio la kumgeuza shingo kila baada ya dakika chache, hata kama uzi wa hadithi utalegea katikati. Mhakiki anayelalamika leo kwamba matukio hayashikani kwa kawaida anaitazama filamu hiyo akiwa peke yake, kimya, sebuleni, jambo ambalo mtengenezaji hakulifikiria hata siku moja. Msomaji aliyewahi kubanana kwenye benchi la kibanda umiza hahitaji maelezo zaidi.

Fedha za kutengenezea filamu zilitoka wapi?

Ningependa swali hili liulizwe kabla ya mengine yote, kwa sababu filamu hizi ziliuzwa kabla hazijapigwa. Mtayarishaji aliwaendea wasambazaji wa mikoa akiwa na jina la filamu, mchoro wa bango na majina ya waigizaji wawili au watatu. Msambazaji aliyeona kwamba jina hilo litauzika katika mkoa wake alitoa dhamana ya kiwango cha chini cha malipo, mara nyingi kwa hati za ahadi ya kulipa baadaye. Mtayarishaji alizipeleka hati hizo benki, akapewa fedha taslimu zilizopunguzwa kidogo, na kazi ikaanza. Matokeo yake ni kwamba bango lilitangulia hadithi: mwandishi aliletewa jina ambalo tayari lilikuwa na wanunuzi, akaambiwa alitafutie kisa.

Mguu wa pili wa biashara ulikuwa ushirikiano wa nchi na nchi. Italia na Ufaransa zilitiliana saini mkataba wa utayarishaji wa pamoja mwaka 1949, na mikataba na nchi nyingine, ikiwamo Hispania, ilifuata. Filamu iliyotengenezwa chini ya mkataba kama huo ilihesabiwa kuwa ya nyumbani katika kila nchi mshirika, na hivyo ikapata ruzuku na nafuu za pande zote, mradi waigizaji na mafundi wagawanywe kwa uwiano uliokubaliwa. Ukiona katika filamu ya Kiitaliano daktari wa Kijerumani anayetokea dakika tatu na kutoweka bila sababu, usitafute sababu yake ndani ya hadithi, kwa maana imo kwenye mkataba.

Mfano unaojulikana zaidi ni *Per un pugno di dollari* ya Sergio Leone ya mwaka 1964, iliyounganisha fedha za Italia, Hispania na Ujerumani Magharibi. Iligharimu kiasi cha dola 200,000, na Clint Eastwood, ambaye wakati huo alijulikana kwa tamthilia ya televisheni tu, alilipwa dola 15,000. Kisa chake kilifanana mno na *Yojimbo* ya Akira Kurosawa ya mwaka 1961. Wajapani walidai haki yao, wakapewa asilimia 15 ya mapato pamoja na haki za usambazaji katika baadhi ya nchi za Asia, na filamu haikuonyeshwa Marekani hadi mwaka 1967.

Waitaliano wanaposema "filone" wanamaanisha nini?

Neno hilo ni la wachimba madini, nalo lina maana ya mshipa wa madini ndani ya mwamba. Anapotokea mmoja akagonga dhahabu, wengine wote wanahamia hapo na sururu zao, wanachimba usiku na mchana, na mshipa ukikauka wanahama kwa pamoja. Hivyo ndivyo filamu zilivyotengenezwa, na ndiyo maana haisaidii sana kuzigawa kwa majina ya waongozaji.

Mshipa wa kwanza mkubwa uligongwa na *Le fatiche di Ercole* ya Pietro Francisci mwaka 1958, akiigiza Steve Reeves, Mmarekani mtunisha misuli. Mfanyabiashara wa Marekani, Joseph E. Levine, alinunua haki za filamu hiyo kwa kiasi cha dola 120,000, kisha akatumia zaidi ya dola milioni moja kuitangaza. Uwiano huo wa fedha unaeleza asili ya biashara hii kuliko kitabu kizima. Filamu za mashujaa wa kale ziliendelea hadi katikati ya miaka ya 1960, zikafuatwa na zile za kauboi, ambazo zilifikia mia kadhaa katika kipindi cha miaka isiyozidi 15, kisha zikaja za wauaji wenye glavu nyeusi, za polisi, za wala nyama za watu na za wafu wanaotembea.

Kuhusu hawa wa mwisho kuna mchezo wa majina unaostahili kusimuliwa. Filamu ya George Romero kuhusu wafu waliozingira duka kubwa ilitolewa Italia mwaka 1978 kwa jina la *Zombi*. Mwaka uliofuata Lucio Fulci alitoa *Zombi 2*, filamu isiyo na uhusiano wowote na ya kwanza, lakini mnunuzi wa tiketi hakuwa na jinsi ya kujua.

Kwa nini waongozaji Waitaliano walijiita majina ya Kiingereza?

Kwa sababu mtazamaji wa Italia hakuamini kwamba Mwitaliano mwenzake anaweza kumtisha. Riccardo Freda alianza kuongoza *I vampiri* ya mwaka 1957, filamu ya kutisha ya kwanza ya Italia katika zama za sauti, akiwa ameahidi kuimaliza kwa siku 12. Aliondoka baada ya kugombana na watayarishaji, na mpigapicha wake, Mario Bava, akaimalizia. Haikupata watu. Freda alisimulia baadaye kwamba alisimama nje ya jumba la sinema akaona jinsi watu walivyovutiwa na bango, wakasogea, wakasoma jina lake la Kiitaliano, wakaondoka. Tangu hapo akajiita Robert Hampton. Leone naye aliitoa filamu yake ya kwanza ya kauboi kwa jina la Bob Robertson, na mtunzi wa muziki Ennio Morricone akaandikwa Dan Savio.

Kwa nini midomo ya waigizaji haifuatani na sauti?

Sauti nyingi hazikunaswa wakati wa kupiga picha. Kamera za Italia zilifanya kazi bila kinasa sauti cha maana, na waigizaji wa nchi nne waliweza kusimama katika onyesho moja, kila mmoja akisema kwa lugha yake; wengine, inasemekana, walihesabu namba tu. Maneno yaliingizwa studio baadaye, kwa Kiitaliano kwa ajili ya nyumbani na kwa Kiingereza kwa ajili ya kuuza nje. Mazoea hayo yalikuwa na mizizi ya kisiasa: serikali ya Mussolini ilipiga marufuku filamu zenye mazungumzo ya lugha za kigeni tangu mwanzo wa zama za sauti, na hivyo Italia ikawa na tasnia kubwa ya waingizaji sauti waliokuwa mahiri kwelikweli, na watazamaji wasioona ajabu yoyote mdomo ukisema hili na sauti ikisema lile.

Kutokana na hayo, kuuliza lugha "halisi" ya filamu hizi ni kuuliza swali lisilo na jibu. Mara nyingi haipo.

Iliwezekanaje filamu za fedha kidogo zikawa na picha nzuri namna ile?

Mafundi. Studio za Cinecittà, zilizofunguliwa Roma tarehe 28 Aprili 1937, zilikuwa zimelea kizazi kizima cha mafundi wa taa, wachoraji wa mandhari, washonaji na wapigapicha ambao walifanya kazi asubuhi kwa mabwana wakubwa wa sanaa na jioni kwa wauza chambo.

Mfano bora ni huyohuyo Bava, ambaye baba yake naye alikuwa fundi wa hila za kamera. Mwaka 1965 alitengeneza *Terrore nello spazio*, filamu inayotokea kwenye sayari ya mbali. Sayari hiyo, kama alivyopenda kusimulia, ilikuwa na mawe mawili ya plastiki yaliyobaki studio kutoka filamu fulani ya mashujaa wa kale. Aliyazungushia vioo ili yaonekane mengi, akajaza moshi sakafuni ili asionekane fundi wala sakafu, kisha akamulika moshi huo kwa taa zilizofunikwa karatasi za rangi, nyekundu upande huu na kijani upande ule. Itazame leo ukiwa unajua siri hiyo, na bado jicho litakubali kwamba lile ni bonde lisilo na mwisho. Binafsi sioni tofauti kubwa kati ya ufundi huo na wa mchoraji wa kanisani aliyechora nguzo za marumaru kwenye ukuta wa chokaa.

Moshi, kwa njia, ulikuwa rafiki mkubwa wa kila mwenye mfuko mwembamba.

Filamu za kauboi za Kiitaliano zilipigwa wapi, na kwa nini zilitofautiana na za Marekani?

Nyingi zilipigwa Hispania, hasa katika jangwa la Tabernas mkoani Almería, ambako vibarua na farasi walipatikana kwa bei nafuu na jua lilikuwa la bure. Baadhi ya miji ya mbao iliyojengwa kwa ajili ya kamera bado imesimama huko na hutembelewa na watalii. Nyingine zilipigwa karibu na Roma, kama *Django* ya Sergio Corbucci ya mwaka 1966, ambamo Franco Nero anaburuta jeneza kwenye matope badala ya kupanda farasi kwenye vumbi. *Django* ilizuiwa Uingereza hadi mwaka 1993, lakini kwingineko ilivuma kiasi kwamba jina lake lilibandikwa kwenye filamu nyingi zisizohusiana nayo, hasa Ujerumani Magharibi.

Kuhusu tofauti, jibu liko kwenye kanuni ambayo kila mtoto wa Dar es Salaam aliyekulia kwenye kumbi za video anaijua: steringi hafi. Kauboi wa Kimarekani wa zamani alitii kanuni hiyo na alikuwa msafi, mwenye haki na mwenye ndevu zilizonyolewa. Wa Kiitaliano alikuwa na jasho, aliua kwa fedha, na mwaka 1968 Corbucci aliivunja kanuni yenyewe katika *Il grande silenzio*, filamu ya thelujini ambamo steringi ni bubu, wawindaji wa vichwa wana karatasi za serikali zinazohalalisha mauaji yao, na mwisho wake sitausema hapa, ingawa msomaji ameshaukisia.

Nyuma ya mabadiliko hayo kulikuwa na siasa. Waandishi wengi wa Roma walikuwa watu wa mrengo wa kushoto, na walipogundua kwamba ukumbi wa daraja la tatu huko kusini unajaa wakulima na vibarua, waliitumia nafasi hiyo. Franco Solinas, aliyeandika *La battaglia di Algeri* ya mwaka 1966 kuhusu vita vya ukombozi vya Algeria, alishiriki mwaka huohuo kuandika *Quién sabe?*, filamu ya kauboi inayotokea katika mapinduzi ya Mexico, ambamo Mmarekani mtanashati aliyevaa suti ndiye adui na jambazi asiyejua kusoma ndiye anayeamka. Filamu za Kiitaliano za kauboi zilifika pia katika majumba ya sinema ya Afrika Mashariki, na sioni ajabu kwamba watazamaji waliotoka kuuaga ukoloni juzi waliona kitu cha kwao ndani yake.

Giallo ni nini, na kwa nini wanaouawa ni wanawake?

Giallo ni rangi ya njano. Mwaka 1929 shirika la uchapishaji la Mondadori lilianza kutoa riwaya za upelelezi zenye majalada ya njano, na rangi ikageuka kuwa jina la aina nzima ya hadithi. Filamu za aina hiyo huhesabiwa kuwa zilianza na Bava mwaka 1963 na 1964, zikapata soko kubwa baada ya *L'uccello dalle piume di cristallo* ya Dario Argento ya mwaka 1970, ambayo jina lake linamtaja ndege. Kwa miaka michache iliyofuata kila mtayarishaji alitafuta mnyama wa kuweka kwenye bango: mjusi, buibui, nge, kipepeo, paka.

Sehemu ya pili ya swali haina jibu la kupendeza. Ndiyo, kamera ya filamu hizi mara nyingi inamtazama mwanamke kama nyama, na kifo chake hupangwa kwa uangalifu kuliko maisha yake. Lakini inafaa kujua zilitoka katika nchi ya namna gani. Talaka iliruhusiwa kisheria Italia Desemba 1970, na wahafidhina wakalazimisha kura ya maoni ya kuifuta Mei 1974, wakashindwa. Utoaji mimba ulihalalishwa kwa masharti mwaka 1978. Na hadi mwaka 1981 sheria ya jinai ilimpunguzia adhabu mwanamume aliyemuua mkewe, binti au dada yake kwa hasira ya "heshima" iliyovunjwa. Mwanamke wa giallo anaishi mjini, ana kazi, ana nyumba yake na anachagua mwenyewe wa kulala naye. Muuaji anamwadhibu kwa hayo hasa. Filamu hizi hazikuibuni hofu ya wanaume wa wakati huo. Ziliikuta nyumbani zikaitoza tiketi, na mtazamaji wa leo ana haki ya kuchukizwa na biashara hiyo huku akiitumia kuielewa nchi.

Tusilisahau Kanisa. Kituo cha kikatoliki cha sinema kilitoa daraja la kimaadili kwa kila filamu, na maelfu ya parokia zilikuwa na kumbi zao za kuonyeshea filamu zilizoruhusiwa. Filamu iliyopigwa marufuku parokiani ilikuwa imepata tangazo la bure.

Matukio ya kisiasa ya Italia yanaonekana wapi katika filamu hizi?

Tarehe 12 Desemba 1969 bomu lililipuka katika benki moja huko Piazza Fontana, Milano, likaua watu 17. Miaka iliyofuata ya milipuko, utekaji na mauaji ya kisiasa inaitwa miaka ya risasi, na ilifikia kilele kwa kutekwa na kuuawa kwa Aldo Moro, waziri mkuu wa zamani, mwaka 1978 na bomu la kituo cha reli cha Bologna lililoua watu 85 tarehe 2 Agosti 1980. Filamu za polisi, zilizopata umaarufu mwaka 1972, zilipigwa katika mitaa ileile, mara nyingi bila kibali, magari yakikimbizana kati ya magari ya watu waliokuwa wakienda kazini. Wahakiki wa kushoto waliziita za kifashisti kwa sababu polisi wake hupiga kwanza na kuuliza baadaye. Mimi naona kwamba hukumu hiyo ni ya haraka, kwani katika nyingi kati ya hizo adui mkuu si mnyang'anyi bali ni mheshimiwa mwenye cheo anayempa mnyang'anyi maelekezo kwa simu.

Hali ilikuwaje Hispania chini ya Jenerali Franco?

Wakaguzi wa serikali walisoma muswada kabla ya filamu kupigwa na kuitazama ikishakamilika. Paul Naschy, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa Jacinto Molina, alipoandika filamu yake ya kwanza ya mtu anayegeuka mbwamwitu, iliyotolewa mwaka 1968, aliambiwa kwamba hakuna Mhispania anayeweza kuwa kiumbe wa namna hiyo. Basi mhusika akafanywa Mpolandi, akaitwa Waldemar Daninsky, na akabaki na jina hilo katika filamu zilizofuata.

Desturi nyingine ilikuwa kupiga onyesho moja mara mbili: mwigizaji amevaa kwa ajili ya Hispania, kisha amevua kwa ajili ya kuuza nje. Wahispania waliotaka kuona kilichokatazwa walivuka mpaka kwa mabasi hadi Perpignan, Ufaransa, wakatazama filamu mwishoni mwa wiki na kurudi nyumbani. Franco alifariki tarehe 20 Novemba 1975, ukaguzi ukaondolewa mwaka 1977, na kwa miaka michache nchi ilifurika kila kilichokuwa kimezuiwa.

Ni kweli kwamba kuna filamu ya Kiitaliano yenye picha za Zanzibar ya Januari 1964?

Ni kweli. Inaitwa *Africa addio*, maana yake "kwaheri Afrika", na ilitolewa mwaka 1966 na Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi. Wawili hao ndio walioanzisha, kwa *Mondo cane* ya mwaka 1962, mtindo wa filamu zinazojiita za kweli lakini zinazokusanya maajabu na machukizo ya dunia kwa ajili ya kushangaza watu. Vipande vyake vya Zanzibar vilipigwa kutoka angani siku chache baada ya mapinduzi ya tarehe 12 Januari. Vinaonyesha watu waliovaa nguo nyeupe wakitembea kwa mistari, makaburi ya pamoja, na miili iliyolala. Ni miongoni mwa picha chache sana zinazotembea za mauaji hayo, na ndiyo maana vipande hivyo, vikiwa vimekatwa na kutenganishwa na filamu yenyewe, vinazunguka hadi leo kwenye simu za watu Unguja, Muscat na London, kila upande ukivitumia kwa hoja yake.

Anayevitumia anapaswa kutenganisha mambo matatu: picha, mpangilio na sauti. Picha za angani ni ushahidi mzito unaostahili kuchunguzwa kama ushahidi mwingine wowote. Mpangilio ni wa watu waliokuja Afrika wakiwa na bango tayari. Filamu inaunganisha Zanzibar, ujangili wa wanyamapori, Kenya ya kuelekea uhuru na vita vya Kongo kana kwamba ni tukio moja refu lenye sababu moja. Sauti ya msimulizi ndiyo inayoitaja sababu hiyo: kwamba Mzungu ameondoka mapema na Mwafrika amerudi alikotoka. Muziki wa Riz Ortolani, ambao ni mzuri mno, unapita juu ya maiti kama hariri.

Filamu ilizua hasira tangu mwanzo. Mwishoni mwa mwaka 1964, ikiwa bado inatengenezwa, gazeti la Kiitaliano lilidai kwamba mauaji fulani ya Kongo yalipangwa ili yaifae kamera. Jacopetti alichunguzwa na hatimaye akaondolewa lawama. Agosti 1966 wanafunzi, Waafrika na Wajerumani, waliandamana Berlin Magharibi kuipinga. Mwaka 1970 msambazaji wa Marekani aliikata kwa zaidi ya dakika 40, akabakiza damu, akaipa jina lenye neno hilohilo la damu, bila ridhaa ya waongozaji. Hata watu waliouza chambo wakageuzwa chambo.

Kuna jambo moja ambalo filamu inalikwepa kwa ustadi. Waitaliano walikuwa wamefukuzwa Ethiopia mwaka 1941 tu, baada ya kuivamia mwaka 1935 na kuwamwagia watu gesi ya sumu, jambo ambalo wizara yao ya ulinzi ilikuja kulikiri rasmi mwaka 1996. Filamu ya mwaka 1981 kuhusu Omar Mukhtar, shujaa wa Libya aliyenyongwa na Waitaliano, haikuonyeshwa hadharani Italia, na ilirushwa kwenye televisheni ya nchi hiyo mwaka 2009. Katika *Africa addio* wakoloni wanaoonyeshwa ni Waingereza, Wabelgiji na Wareno. Mpiga kamera anajifanya mgeni asiye na deni na mtu.

Kuna nyingine zilizopigwa Afrika Mashariki?

Ipo *Emanuelle nera* ya mwaka 1975, ya Bitto Albertini, inayotokea Kenya. Ni filamu ya mapenzi kwa watu wazima, iliyokusudiwa kufaidi umaarufu wa *Emmanuelle* ya Ufaransa ya mwaka 1974, na "m" moja ilipunguzwa kwenye jina ili mwenye haki asiwe na la kudai. Mwigizaji mkuu, Laura Gemser, "mweusi" wa kwenye bango, alizaliwa Indonesia. Nairobi na mbuga zinatumika kama pazia tu, na Wakenya wanapita nyuma yake bila majina.

Je, kuna filamu ambazo zilivuka mpaka kabisa?

Zipo, na iliyo maarufu ni *Cannibal Holocaust* ya Ruggero Deodato ya mwaka 1980, iliyopigwa katika misitu ya Amazon upande wa Colombia. Ilikamatwa na mamlaka siku chache baada ya kuonyeshwa Milano. Deodato alilazimika kuwaleta waigizaji wake wakiwa hai, kwa sababu walikuwa wametia saini mkataba wa kutoonekana hadharani kwa mwaka mzima na tuhuma kwamba wameuawa kweli zilikuwa zimeenea. Vifo vya watu vilikuwa vya kuigiza. Vya wanyama vilikuwa vya kweli: kobe mkubwa, kima na wengine waliuawa mbele ya kamera, na kwa hilo sina la kuwatetea. Filamu hiyo ilivumbua mtindo wa mkanda unaodaiwa kuokotwa baada ya waliourekodi kufa, mtindo ambao Hollywood imeutumia sana tangu wakati huo, lakini uvumbuzi huo haukumhitaji kobe.

Uingereza ilizikabili kanda za namna hii mwanzoni mwa miaka ya 1980 kwa misako madukani. Filamu 72 ziliwahi kuingia kwenye orodha ya waendesha mashtaka, baadhi yake zikiwa za Kiitaliano, na mwaka 1984 bunge likapitisha sheria ya kuzikagua kanda za video. Orodha hiyo ilisomwa na vijana kama orodha ya manunuzi.

Biashara hii ilikwishaje?

Mwaka 1976 mahakama ya katiba ya Italia iliruhusu vituo vya televisheni vya binafsi kurusha matangazo katika ngazi ya maeneo. Ghafla vituo vingi vilihitaji kitu cha kujaza saa zao, na kilichokuwapo kwa bei ya kutupa kilikuwa hazina ya filamu zilezile za chambo, ambazo sasa mtu aliweza kuzitazama nyumbani bure. Kufikia katikati ya miaka ya 1980 tiketi zilizouzwa kwa mwaka zilikuwa kiasi cha milioni 120. Kumbi za daraja la tatu zilifungwa, wasambazaji wa mikoa wakafilisika, na bila wao hapakuwa na wa kutoa dhamana. Hispania ilibadilisha sheria ya ruzuku katika miaka hiyohiyo, ikazielekeza fedha kwenye filamu zilizohesabiwa kuwa za hadhi, na watengenezaji wa filamu za bei nafuu wakakosa pa kushika.

Heshima ilikuja baadaye. Mwaka 2004 tamasha la filamu la Venice liliandaa onyesho maalumu la filamu hizi, na baadhi ya waongozaji waliokuwa wakidharauliwa na tamasha hilohilo walialikwa wakiwa wazee.

Nianze na ipi, na nitafute kopi gani?

Anza na *Il grande silenzio* kwa ajili ya kauboi na *Sei donne per l'assassino* ya Bava kwa ajili ya rangi, zote mbili kwa watu wazima. *Africa addio* iache hadi utakapokuwa na muda wa kuitazama yote, na si kipande cha dakika mbili ulichotumiwa na ndugu yako. Angalia urefu wa filamu kabla ya kulipa, kwa kuwa kopi za zamani zilikatwa na wakaguzi wa kila nchi kwa namna yake, na ile ndefu zaidi kwa kawaida ni ile iliyosafishwa upya kutoka kwenye mkanda hasi. Kuhusu sauti, chagua ya Kiitaliano ikiwa waigizaji wengi ni Waitaliano, na ya Kiingereza ikiwa mwigizaji mkuu ni Mmarekani aliyeingiza sauti yake mwenyewe. Filamu za Leone zenye Eastwood ziko katika kundi hili la pili: sauti yake mwenyewe imo kwenye kopi ya Kiingereza tu.